Dryden au Pope: uanze na nani ukitaka kuingia kwenye mashairi ya Kiingereza ya 1660 mpaka 1744

Kuna watu wengi wanapenda mashairi yetu ya vina na mizani, wamekua wanasikia wazee wakiyasoma gazetini kwa sauti, halafu wakijaribu mashairi ya Kiingereza wanapewa Shakespeare shuleni, wanapewa na ya kisasa yasiyo na kina hata kimoja, basi wanasema Waingereza hawana mashairi wana maneno tu. Mi nawaelewa kabisa. Lakini kuna kipindi kimoja cha miaka 84 ambacho mshairi wa Kiingereza alikuwa anahesabu mizani kama malenga wa Mombasa, anabana vina, na kazi yake kubwa ilikuwa kurushiana maneno na wenzake hadharani, na mtu wetu akikipata kipindi hicho anajisikia yupo nyumbani kabisa.

Kinaanza 1660, Charles wa Pili aliporudi London kutoka uhamishoni, baba yake alikuwa amekatwa kichwa 1649 na nchi ikakaa bila mfalme miaka kumi na moja. Nusu ya pili, ile ya miaka ya 1700, wanaiita ya Augusto kwa sababu washairi walijifananisha na kina Virgil na Horace walioandika Roma chini ya Kaisari Augusto. Majina makubwa ni mawili. John Dryden, amezaliwa 1631 akafa 1700, na Alexander Pope, amezaliwa 1688 akafa 1744. Ukiwa na muda wa kuwasoma wote vizuri soma wote, ila wengi hatuna muda huo, kwa hiyo hapa nawaweka ubavu kwa ubavu ili uchague wa kuanza naye.

Kwanza umbo, maana hapo ndo wanafanana. Wote wawili wanatumia mishororo miwili miwili yenye kina kimoja, sisi tungesema tathnia, kila mshororo mizani kumi. Tofauti na sisi ni kwamba Kiingereza mkazo wake unahamahama, sio kama Kiswahili ambacho mkazo unakaa silabi ya pili kutoka mwisho, kwa hiyo hawahesabu silabi tu, wanahesabu na mapigo, nyepesi nzito nyepesi nzito mara tano. Na katikati ya mshororo kuna kipumziko kidogo, ukizoea ukwapi na utao utakisikia haraka. Hiki kipumziko ndicho kinafanya kazi yote. Nusu ya kwanza inasema kitu, nusu ya pili inakipinga au inakiongezea, halafu mshororo wa pili unakuja kufunga mlango.

Sasa tofauti zinaanzia hapohapo. Pope anafunga mlango kila baada ya mishororo miwili, tena anafunga na komeo. Kila jozi inasimama yenyewe, unaweza kuikata ukaiandika ukutani, na ndivyo watu walivyofanya, ule msemo kwamba kukosea ni ubinadamu na kusamehe ni uungu, na ule kwamba elimu kidogo ni kitu cha hatari, na ule wa wajinga kukimbilia mahali malaika wanaogopa kukanyaga, yote mitatu imetoka kwenye shairi moja, An Essay on Criticism la 1711, alipolitoa alikuwa anakaribia kutimiza miaka 23. Waingereza leo wanaitumia kama methali na wengi hawajui ilikotoka.

Dryden yeye hafungi hivo. Anavuta pumzi moja mishororo kumi au kumi na mbili, jozi inasukuma jozi, na akiona kina kimoja kimenoga anaongeza mshororo wa tatu kwa kina hichohicho, halafu mara nyingine ule wa tatu anaurefusha uwe mizani kumi na mbili badala ya kumi, ukiusoma kwa sauti unasikia kabisa kama mtu amenyoosha mkono. Pope aliyajua hayo mambo na aliyakwepa kwa makusudi. Kwenye hilohilo shairi la 1711 anausema mshororo mrefu wa mizani kumi na mbili kwamba unajikokota kama nyoka aliyejeruhiwa, na ile sentensi anayosemea hayo nayo ina mizani kumi na mbili na inajikokota kweli. Soma kipande hicho chote, ni somo zima la ufundi, anaposema mzigo mzito na mshororo unakuwa mzito mdomoni, anaposema mwepesi akikimbia juu ya mashuke na mshororo unakimbia. Sijaona mwalimu wa ushairi wa lugha yoyote anayefundisha vizuri zaidi ya hapo.

Kwa hiyo swali la kwanza la kujiuliza, wewe unasoma vipi? Kama unasoma kimya, unarudia mstari mmoja mara tano, unapenda kitu kilichosuguliwa mpaka kinang'aa, Pope ni wako. Kama unasoma kwa sauti, unapenda kusikia mtu anaongea na hasira yake inapanda taratibu, Dryden.

Twende kwenye kazi zenyewe, na hapa nitakaa kidogo maana ndo penye utamu.

Wote wawili waliandika shairi la aina moja, yaani unachukua lugha ile kubwa ya tenzi za vita na wafalme unaivalisha jambo dogo. (Sisi lugha hiyo kubwa tunaijua vizuri, hati ya zamani ya Utendi wa Tambuka wa Mwengo bin Athumani kule Pate ina tarehe ya 1728, mwaka uleule Pope alitoa toleo la kwanza la The Dunciad, shairi lake la kuwadhihaki waandishi wabovu. Huwa nafikiria sana hao watu wawili, mmoja Pate mmoja Twickenham nje ya London, kila mtu na mizani yake.) La Dryden linaitwa Mac Flecknoe, mishororo 217 tu, lilianza kuzunguka kwa nakala za mkono mwishoni mwa miaka ya 1670 na likachapwa bila ruhusa yake 1682. Mfalme wa nchi ya Upuuzi amezeeka, anatafuta mtoto wa kumrithi, anamchagua Thomas Shadwell, mwandishi wa michezo ya kuigiza aliyekuwa hai na yupo hapohapo London, kwa sababu watoto wengine wote mara mojamoja huwa wanapotea njia wakasema kitu chenye maana lakini Shadwell hajawahi hata siku moja. Siku ya kutawazwa njia inatandikwa, sio na mazulia, na karatasi za vitabu ambavyo havikupata wanunuzi. Na mwisho mfalme anatumbukia kwenye tundu la jukwaa huku bado anahutubia, joho lake linapeperuka juu linamwangukia mrithi, kama vazi la nabii Eliya lilivyomwangukia Elisha.

La Pope ni The Rape of the Lock. Neno la kwanza hapo lisikutishe, limekaa kwa maana ya zamani ya Kilatini ya kunyakua, na kilichonyakuliwa ni shungi la nywele. Ni kisa cha kweli, kijana mmoja wa ukoo mkubwa, Lord Petre, alimkata nywele binti anaitwa Arabella Fermor bila ruhusa, familia mbili zikakosana, zote za Kikatoliki, rafiki wa Pope akamwomba aandike kitu cha kuwachekesha wapatane. Toleo la 1712 lilikuwa fupi, sehemu mbili. La 1714 likawa sehemu tano na humo ndimo alimoingiza viumbe wa hewani wanaolinda nywele na vipuli na marinda ya binti, mmoja anajiweka katikati ya mkasi, anakatwa vipande viwili halafu anaungana tena kwa sababu ni hewa. Kuna mchezo wa karata unasimuliwa kama vita ya Troya. Kuna kahawa inasagwa na kumiminwa kwenye vikombe vya Kichina. Na katikati ya urembo wote huo anapitisha jambo moja haraka sana, kwamba saa ya chakula cha mchana imekaribia na mahakimu wana njaa wanasaini hukumu haraka, watu wananyongwa ili wazee wa baraza wakale. Mishororo miwili tu, halafu anaingia kwenye karata. Mara ya kwanza nilipita nisione, mara ya tatu ndo nikasimama na sikuweza kuendelea siku ile.

Ukiniuliza kati ya hayo mawili lipi bora nitasema la Pope, bila kusita, ni kazi iliyokamilika kuliko chochote cha Dryden. Lakini lipi rahisi kwa mgeni, Mac Flecknoe, maana ni fupi na kila mtu aliyewahi kusikia malenga wawili wakijibizana gazetini anaelewa kinachoendelea hata asipojua nusu ya majina.

Siasa. Hapa Dryden hana mpinzani. Absalom and Achitophel ilitoka Novemba 1681, na ilitoka kwa sababu. Charles wa Pili hakuwa na mtoto wa ndoa, wa nje alikuwa nao wengi, mrithi halali alikuwa ni mdogo wake James ambaye ni Mkatoliki na Waprotestanti wengi hawakumtaka, kikundi cha Earl of Shaftesbury kikataka apitwe, na wengi wakimtazama Duke of Monmouth, mtoto wa nje wa mfalme, kijana mzuri anayependwa na watu. Shaftesbury alikuwa kifungoni Tower of London anasubiri kesi ya uhaini, shairi likatoka kama wiki moja kabla. Dryden anachukua kisa cha Daudi na mwanawe Absalomu aliyemwasi, na mshauri wake Ahithofeli, na msomaji wa Kiswahili mwenye Biblia nyumbani hahitaji kuelezwa kitu hapo, anafungua Samweli wa Pili anayo ramani yote. Tazama anavyoanza. Ana tatizo kubwa, mfalme anayemtetea ana watoto wa nje mji mzima unajua, sasa utamsifu vipi? Anasema zamani zile za Daudi kuoa wake wengi haikuwa dhambi, na mfalme kwa ukarimu wake aliisambaza sura ya Muumba wake nchi nzima. Aibu ameigeuza kuwa mafuriko ya baraka na hapohapo anacheka naye, na mfalme hawezi kukasirika. Muyaka wa Mombasa angempa mkono.

Ndani ya shairi hilo kuna picha ya Zimri, huyo ni Duke of Buckingham, mtu wa kila kitu na sio wa kitu chochote kwa muda mrefu, katika mwezi mmoja anakuwa mkemia, mpiga zeze, kiongozi wa nchi na mchekeshaji. Miaka kumi nyuma Buckingham alimdhihaki Dryden jukwaani. Dryden alijivunia kipande hicho na mwaka 1693 alieleza siri yake, kwamba kuna tofauti kati ya kumchinja mtu ovyoovyo na ule upanga mwembamba unaotenganisha kichwa na mwili na kichwa kikabaki kimekaa palepale. Hii ndo maelezo bora ya tashtiti, yaani kumkejeli mtu kwa maandishi, ninayoyajua. Shaftesbury lakini hakupatikana na kosa, baraza la wazee wa mahakama London lilikataa mashtaka, shairi halikumfunga mtu. Monmouth ndo alikatwa kichwa 1685 baada ya kuasi kweli.

Upande wa Pope, cha kuweka hapo ni Epistle to Dr Arbuthnot, 1735. Sio siasa ya nchi, ni yake mwenyewe. Linaanza anamwambia mtumishi wake afunge mlango na akifunge kigongeo chake kisilie, aseme ni mgonjwa, aseme amekufa, maana waandishi wanamfuata mpaka kwenye bustani yake ya Twickenham wanataka asome kazi zao. Unacheka. Halafu taratibu linageuka. Anazungumza na daktari aliyemtibu, John Arbuthnot, ambaye mwenyewe alikuwa anakaribia kufa, na Pope anaongelea huu ugonjwa mrefu ambao ni maisha yake. Hapa lazima ujue, Pope tangu utotoni alikuwa na kifua kikuu cha uti wa mgongo, alibaki na kibiongo na urefu wa kama futi nne na nusu, na adui zake walimwandika kwa mwili wake, wakamchora kama nyani. Na alikuwa Mkatoliki kwenye nchi ambayo Mkatoliki haruhusiwi chuo kikuu, wala kazi ya serikali, wala kisheria kuishi karibu na London. Alijisomesha. Akajitegemea kwa kalamu, tafsiri yake ya Iliad, utenzi wa vita wa Homer wa Ugiriki, kati ya 1715 na 1720 iliuzwa kwa watu kulipia kabla na ikamwingizia takriban pauni 5,000, pesa ambazo mshairi wa Kiingereza hakuwahi kuziona. Ukijua hayo yote ile kusugua kila mshororo mpaka usiwe na ufa unaielewa vingine, mtu aliyepigwa kila siku hakuacha upenyo.

Dryden naye alilipa lakini vingine. Desemba 1679 alipigwa na watu wa kukodiwa kwenye kichochoro cha Rose Alley usiku, na waliowatuma hawakujulikana. Tangu 1668 alikuwa malenga wa mfalme kwa cheo na mshahara, akahamia Ukatoliki wakati wa James wa Pili, watu wakasema anafuata upepo, halafu 1688 James akakimbia nchi, ufalme ukawa wa Waprotestanti na Dryden akakataa kurudi. Akapoteza cheo. Na aliyepewa cheo hicho ni nani? Shadwell. Yuleyule wa nchi ya Upuuzi. Mzee wa karibu miaka sitini akakaa chini akaanza kutafsiri kwa ajili ya mkate, na Virgil yake ya 1697 ni kazi kubwa kuliko alizofanya akiwa na mshahara. Mimi nampenda kwa hilo, nasema wazi, na linaweza kuwa linanipendelesha.

Samuel Johnson, mhakiki mkubwa wa Kiingereza, pia alikiri anampendelea Dryden kidogo. Kwenye maisha ya washairi aliyoandika 1779 mpaka 1781 aliwalinganisha hawahawa wawili na mpaka leo hakuna aliyempita, alisema ukurasa wa Dryden ni shamba la asili linapanda na kushuka na mimea ya kila namna, wa Pope ni uwanja wa majani laini uliofyekwa na kusawazishwa. Akasema Dryden akiruka anaruka juu zaidi, Pope anakaa hewani muda mrefu zaidi. Ni kweli tupu. Dryden ana kurasa za kuchosha kabisa, mashairi ya kusifia wakubwa ruka bila kuumia, na The Hind and the Panther, shairi lake refu la mambo ya dini, iache mpaka uwe na sababu. Pope huwezi kumkuta na ukurasa mbovu, ila kurasa thelathini mfululizo bila kupumzika zinabana, kila jozi inataka uisifu.

Ugumu sasa. Majina ya watu ndo kikwazo, sio lugha. Pope anataja wengi zaidi na wadogo zaidi, na The Dunciad imejaa waandishi ambao wanajulikana leo kwa sababu tu yeye aliwatukana. Mi nilianzia hapo, nilipata kitabu cha mtumba kisicho na maelezo, nikasoma kurasa ishirini nikafunga na nikakaa mwaka mzima sijamgusa Pope. Usifanye hivo. Iweke ya mwisho, toleo la 1743 lenye sehemu nne, usome ule mwisho ambapo giza linafunika kila kitu, utatetemeka. An Essay on Man pia isubiri, watu wanaipa wageni kwa sababu inaonekana ina mafunzo ya maisha lakini hoja yake kwamba kila kilichopo kiko sawa inataka ubishane nayo, na kubishana kunataka umzoee kwanza.

Na tafuta toleo lenye maelezo chini ya ukurasa na tahajia ya kisasa. Maandishi ya bure yapo tele kwenye intaneti, haki zake ziliisha zamani, lakini ukikuta nakala ya chapa ya zamani ile s ndefu inafanana na f na itakuchosha macho bure.

Kama wote wawili hawakuingii, Jonathan Swift wa Dublin ana mashairi mengi ya mishororo mifupi ya mizani nane, nyepesi kama utenzi, ila anza na mvua ya mjini ya 1710, A Description of a City Shower, hilo ni la mizani kumi, utanusa mitaro. Anne Finch ana shairi la usiku, A Nocturnal Reverie, 1713, tulivu mno, farasi anasikika anakula majani gizani. Aphra Behn alikuwa mwanamke aliyeishi kwa kalamu yake wakati huo ambapo ilikuwa karibu haiwezekani, msome. Earl of Rochester ana akili kali na matusi makali, usimfungue mbele ya watoto wala wakwe.

Basi mwanafunzi mwenye insha ya kuandika na wiki mbili, chukua Pope, The Rape of the Lock, kuna cha kusema kila mshororo. Mtu wa kufuatilia siasa, Absalom. Mtunzi wa mashairi ya Kiswahili anayetaka kuiba ufundi, Essay on Criticism. Ila wewe unayetaka tu kujua kama hiki kitu kina moyo, mi nakupeleka kwa Dryden, na sio hata kwenye hayo makubwa, nakupeleka kwenye To the Memory of Mr. Oldham, 1684, mishororo 25. John Oldham alikuwa kijana mwandishi wa tashtiti, ndui ilimuua akiwa na miaka 30. Dryden ana zaidi ya hamsini, alimjua kwa kuchelewa, anamwambia roho zetu zilitoka kwenye kalibu moja na wewe mdogo umefika kabla yangu. Anakiri kwamba mishororo ya Oldham ilikuwa na mikwaruzo, anasema tashtiti haihitaji ulaini. Halafu anamuaga mara mbili, anamvika taji la majani, na hasemi watakutana mbinguni wala hasemi amepumzika, anasema tu usiku umekuzunguka. Lisome kwa sauti, taratibu, ukifika penye mishororo mitatu ya kina kimoja utasikia pumzi yake inavyorefuka.